Ni Nani Aliyemuua Bwana?

Andiko la msingi: Warumi 11:17-24. Soma pia Matendo 3:12-19 na Yohana 10:17-18.



Wale mliokuwa kanisani Ijumaa Kuu mnakumbuka nilihubiri juu ya mateso ya Bwana. Ibada ilikuwa moto. Nilipofika pale Pilato anaponawa mikono, nilipaza sauti nikasema, "Wayahudi walimuua Bwana wetu!" Nikarudia mara tatu, nanyi mkaitikia kila mara. Kusema kweli nilishuka madhabahuni nikiwa nimeridhika. Mzee mmoja alinishika mkono akaniambia, "Pasta, leo umetema moto."

Jumatatu ya Pasaka mama mmoja wa ushirika alinipigia simu. Hakuwa na hasira, na hiyo ndiyo ilinisumbua. Alizungumza polepole, kama mtu aliyepima maneno yake usiku kucha. Akaniambia baada ya ibada ile watoto walikuwa wakicheza nyuma ya kanisa, karibu na tangi la maji. Walikuwa wanaigiza Ijumaa Kuu. Yesu alikuwepo, askari walikuwepo, lakini mchezo ulihitaji Myahudi. Wakamchagua mwanawe, mtoto wa gredi ya tatu. Familia hiyo ilihamia hapa mwaka jana tu, na nyumbani wanaongea lugha ambayo wengi wetu hatuisikii. Watoto wakaanza kumrushia magunzi ya mahindi wakiimba, "Ulimuua Yesu! Ulimuua Yesu!" Gunzi moja likampasua juu ya jicho.

Usiku mtoto alimuuliza mama yake, "Mama, sisi ni Wayahudi? Ni sisi tulimuua Yesu?"

Wapendwa, hakuna aliyewafundisha wale watoto wamchague nani. Walimchagua wenyewe: mgeni, asiye wa kwetu. Lakini neno la kumwitia niliwapa mimi, kutoka madhabahuni, na maikrofoni mkononi.

Wengi mnajua kabla ya kuingia huduma nilisomea biashara. Hesabu zikikataa kulingana, hupigi kelele. Unarudi nyuma, ukurasa kwa ukurasa, mpaka uone kosa liliingia wapi. Hivyo ndivyo nimefanya majuma haya. Nimerudi kwenye Biblia, kisha nikasoma maandiko ya wale wahubiri wa karne za kwanza, baada ya mitume. Nilitaka kujua maneno yale niliyoyapaza niliyatoa wapi. Leo nawaletea nilichokipata.

1. Biblia inajibu nini?

Tuanze na Bwana mwenyewe. Katika Yohana 10 anasema hakuna mtu anayemwondolea uhai wake; anautoa mwenyewe kwa hiari. Hilo ndilo jibu la kwanza, na lingetosha.

Lakini tukitaka kujua mikono ya wanadamu, Matendo 4:27 inataja orodha: Herode, Pontio Pilato, watu wa mataifa, pamoja na watu wa Israeli. Mataifa ni akina nani? Mwambie jirani yako: "Ni sisi." Msalaba ulikuwa adhabu ya Warumi. Misumari ilipigiliwa na askari wa Roma kwa amri ya gavana wa Roma. Wale wakuu wa makuhani waliomshtaki walikuwa kundi dogo la wenye mamlaka Yerusalemu. Wakati huo Wayahudi wengi walikuwa wakiishi Aleksandria, Roma na Babeli. Hawakusikia hata kwamba kuna kesi.

Na tazama waliosimama upande wa pili. Luka 23:27 inasema umati mkubwa ulimfuata, na wanawake wakimlilia. Hao walikuwa Wayahudi. Mama yake pale msalabani, Myahudi. Yusufu wa Arimathaya aliyeomba mwili, Myahudi, tena mtu wa baraza. Mafarisayo tunaowatumia kama tusi? Luka 13:31 inaonyesha baadhi yao wakimwonya Yesu akimbie kwa sababu Herode anataka kumuua. Na Gamalieli aliyewaokoa mitume katika Matendo 5 alikuwa Mfarisayo.

Mtu ataniuliza, "Pasta, mbona Petro naye katika Matendo 3 anawaambia mlimkana Mtakatifu?" Swali zuri. Petro ni Myahudi akisema na Wayahudi, Yerusalemu, wiki chache baada ya tukio. Anawaita ndugu. Anasema anajua walitenda bila kujua, wao na wakuu wao. Halafu anawaita watubu ili wapate nyakati za kuburudishwa. Hawafukuzi nyumbani kwao. Anawaita waingie ndani zaidi. Ndivyo walivyofanya manabii tangu zamani. Isaya na Yeremia waliikemea Israeli kwa maneno makali kuliko yoyote, lakini walikemea wakilia, kwa sababu walikuwa wakikemea nyumba ya baba yao.

Hata Yohana 8 na Ufunuo 2:9, zile aya nzito, ziliandikwa na Myahudi kuhusu ugomvi wa Wayahudi kwa Wayahudi. Wahenga walisema: ndugu wakigombana, chukua jembe ukalime, wakipatana, chukua kapu ukavune. Shida ilianza pale jirani aliyesikia ugomvi kupitia ukuta alipoacha kwenda kulima, akaingia na rungu.

2. Kosa liliingia wapi?

Kadiri miaka ilivyokwenda, kanisa likajaa watu wa mataifa. Mwaka 70 Warumi waliibomoa Yerusalemu na hekalu. Kati ya 132 na 135 kukawa na vita vingine, na baada yake Wayahudi wakakatazwa kukanyaga mji ule. Wakristo wengi wa mataifa walitazama maangamizi hayo wakasema, "Mnaona? Mungu amewaacha." Wakasahau kwamba Bwana aliulilia mji ule ule.

Nataka niwe wa haki. Kuna mahali kanisa la kwanza lilisimama vizuri. Alikuwepo mtu akiitwa Marcion, mfanyabiashara wa meli kutoka Sinope, kando ya Bahari Nyeusi. Alifika Roma akatoa kanisani sarafu 200,000 za Kirumi. Hiyo ilikuwa mali. Lakini Marcion alifundisha kwamba Mungu wa Agano la Kale ni mungu mwingine, wa chini, na kwamba Wakristo watupe kabisa maandiko ya Wayahudi. Alibakisha Luka aliyoikatakata na nyaraka kumi za Paulo. Mwaka 144 kanisa la Roma likamtenga. Na zile pesa? Walimrudishia zote. Nikiwa mtu wa vitabu vya hesabu, hapo nilisimama nikasema haleluya. Makanisa mangapi leo yangerudisha?

Basi mti haukukatwa. Lakini sumu iliingia kwa mlango mwingine.

Kuna waraka wa zamani uitwao Waraka wa Barnaba. Usiuchanganye na ile "Injili ya Barnaba" unayoisikia kwenye mihadhara ya barabarani. Hayo ni maandishi mawili tofauti. Mwandishi wake hajulikani, na si yule Barnaba wa Matendo. Huyu anafundisha kwamba agano halikuwa la Israeli kamwe. Walilipoteza siku ileile Musa alipovunja vile vibao, na sasa ni letu sisi. Paulo katika Warumi 9 anasema maagano ni yao. Waraka huu unasema hapana.

Akaja Justin, aliyeuawa kwa ajili ya imani yake Roma, mtu ninayemheshimu. Aliandika kitabu cha mazungumzo na Myahudi aitwaye Trypho, karibu mwaka 155 hadi 160. Kitabu hicho kinaisha vizuri, wawili wakiagana kwa heshima na kutakiana mema. Lakini katikati Justin anasema tohara walipewa iwe alama ya kuwatenga ili wapate mateso wanayostahili. Ishara ambayo Mungu alimpa Ibrahimu kama agano, na ambayo Bwana wetu mwenyewe aliipokea siku ya nane, inageuzwa kuwa alama ya laana.

Halafu Melito, askofu wa Sardi. Unaijua Sardi, ni lile kanisa la Ufunuo 3 lenye jina la kuwa hai ilhali limekufa. Katika karne ya 2 Melito alihubiri mahubiri ya Pasaka yenye ufasaha mkubwa sana. Ukisoma mwanzo wake utasifu: Kristo ni mwanakondoo, Kristo yuko ndani ya Habili, ndani ya Isaka, ndani ya Yusufu. Lakini kuelekea mwisho anaigeukia Israeli yote, bila kumwacha hata mmoja, na kuishtaki kwamba imemuua Mungu. Pilato anapita pembeni kimyakimya. Wanaochimba mambo ya kale walifukua huko Sardi, katika Uturuki ya leo, sinagogi kubwa linaloweza kubeba watu karibu 1,000. Jengo hilo lilikuja baada ya Melito, lakini linaonyesha Wayahudi wa mji ule walikuwa na mizizi na heshima. Majirani wakubwa wa kanisa dogo. Kumbukeni jambo hilo, kwa sababu linanileta kwa mtu aliyenishtua kuliko wote.

3. Pasta msaidizi wa Antiokia

Antiokia ni mji ambao wanafunzi waliitwa Wakristo kwa mara ya kwanza, Matendo 11:26. Mwaka 386 palikuwa na mhubiri pale aitwaye John Chrysostom. Hilo la pili ni jina la sifa alilopewa baadaye, maana yake Kinywa cha Dhahabu. Wakati huo hakuwa askofu. Alikuwa chini ya askofu, ametawazwa mwaka uleule, na umri wake ulikuwa miaka thelathini na kitu. Nilipoyasoma hayo nilivua miwani. Pasta msaidizi, wa umri wangu, mwenye kipawa cha kusema na watu wanaopiga makofi.

Shida yake ilikuwa hii. Watu wa kanisa lake walikuwa wakienda kwenye sinagogi. Walipenda tarumbeta za mwaka mpya wa Kiyahudi, walifunga nao siku ya upatanisho, walienda kwenye sikukuu ya vibanda. Wengine walitafuta uponyaji huko. Anasimulia mwenyewe jinsi mwanamume mmoja alivyomvuta mwanamke Mkristo aende akaape sinagogini kuhusu jambo la biashara, kwa sababu watu waliamini kiapo cha huko kinaogopesha zaidi.

Wacha niliseme kwa lugha ya shuleni kwetu. Wateja walikuwa wanahama. Sasa duka la jirani likichukua wateja wako, una njia mbili. Unaweza kuuliza, "Wamekosa nini kwangu?" ukaboresha duka lako. Au unaweza kusimama barabarani ukamchafulia jirani jina: nyama yake ni ya punda, unga wake una panya. Njia ya kwanza ni ndefu. Ya pili inaleta matokeo Jumamosi hiihii.

Chrysostom alichukua ya pili. Alisimamisha mfululizo wa mafundisho aliokuwa ameanza, na kati ya 386 na 387 akatoa mahubiri manane juu ya jambo hili. Akasema sinagogi ni kama danguro, ni pango la wanyang'anyi, ni makao ya pepo. Akawafananisha Wayahudi na mnyama aliyenona asiyetaka tena kulima, ambaye sasa anafaa kuchinjwa, na akavuta hata maneno ya Bwana kutoka kwenye mfano wa Luka 19 yaunge mkono jambo hilo. Akawaambia waumini wake wazi kwamba yeye anawachukia.

Kumtetea mtu wa zamani si vibaya, kwa hivyo wacha nimtetee kidogo. Enzi zile vijana walisomea ufasaha wa kusema, na kumtukana mpinzani ulikuwa ufundi unaofundishwa. Wote walifanya. Waliokusudiwa hasa walikuwa Wakristo wake wasiende huko. Na mtu huyuhuyu ndiye aliyewatetea maskini mbele ya matajiri kuliko karibu mhubiri yeyote wa zamani, mpaka akafa uhamishoni kwa sababu ya ukweli wake. Ni mtakatifu wa watu wengi, na sikatai kazi yake njema.

Lakini, mpendwa, maneno hayakubaki Antiokia. Yalinakiliwa, yakasafiri karne kwa karne. Waliokuja baadaye hawakuwa na habari ya kiapo cha yule mama wala ya ufundi wa wasemaji. Walikuwa na karatasi tu, na jina la mtakatifu juu yake.

4. Neno likawa moto

Matunda hayakuchelewa. Mwaka 388, huko Callinicum kando ya mto Frati, umati wa Wakristo ulichoma sinagogi, kwa uchochezi wa askofu wa mahali pale. Kaisari Theodosius akaamuru askofu alijenge upya kwa gharama yake. Hukumu ya haki kabisa; aliyevunja alipe. Lakini Ambrose, askofu wa Milan, mwalimu mkubwa, akamwandikia kaisari kumpinga, kisha akamkabili ndani ya ibada, akakataa kuendelea na meza ya Bwana mpaka kaisari aiachilie amri ile. Kaisari akaiachilia. Mtu wa Mungu alitumia meza ya Bwana kuhakikisha nyumba ya ibada ya jirani inabaki majivu bila fidia.

Songa mbele. Mwaka 1096 waliokuwa wakienda vita vya msalaba waliua Wayahudi Worms na Mainz, Ujerumani, kabla hata ya kuiona Yerusalemu. Mwaka 1290 Wayahudi wote walifukuzwa Uingereza, na 1492 Hispania. Sisi Waprotestanti tusicheke. Mwaka 1543 Martin Luther, baba yetu wa neema kwa imani, aliandika kitabu akishauri masinagogi yachomwe na nyumba za Wayahudi zibomolewe. Usiku wa tarehe 9 kuamkia 10 Novemba 1938 Wanazi walichoma masinagogi zaidi ya 1,000, na askofu mmoja Mlutheri, Martin Sasse, akashangilia kwa maandishi kwamba yameungua siku ya kuzaliwa kwa Luther. Miaka michache baadaye Wayahudi milioni 6 walikuwa wameuawa. Sisemi Chrysostom aliwaua. Wanazi walikuwa na itikadi yao ya damu na rangi, na hawakumpenda Kristo. Lakini walilima shamba ambalo kanisa lilikuwa limelitayarisha kwa karne nyingi.

Na usidhani ni habari za mbali. Aprili 1903, Jumapili ya Pasaka, katika mji wa Kishinev, Moldova ya leo, watu waliwashambulia Wayahudi mitaani na majumbani. Gazeti la huko lilikuwa limeeneza kwamba Wayahudi wamemuua kijana Mkristo ili wapate damu yake. Ulikuwa uongo. Wayahudi 49 waliuawa. Dunia ilishtuka, na mwezi wa Agosti mwaka huohuo serikali ya Uingereza ikatoa pendekezo kwamba Wayahudi wanaokimbia mauaji wapewe ardhi Afrika Mashariki. Unajua wapi? Uwanda wa Uasin Gishu. Hapa hapa tunapopanda mahindi. Wenye ardhi hawakuulizwa. Wajumbe walikuja kuitazama mwanzoni mwa 1905, na mwaka huohuo mkutano wao ukakataa. Hebu fikiri: mahubiri mabaya ya Pasaka, yaliyorudiwa miaka elfu na zaidi, yalisaidia kuleta wapima ardhi mpaka mlangoni petu.

5. Sisi tunalijua hili

Kaunti hii haihitaji mwalimu kutoka Ulaya. Tarehe 1 Januari 2008 nilikuwa kijana wa shule ya upili. Watu walikuwa wamekimbilia ndani ya kanisa la Kiambaa, karibu na Eldoret, wakidhani nyumba ya Mungu haiwezi kuguswa. Likachomwa. Wengi waliokufa walikuwa wanawake na watoto. Nilisimama nje ya nyumba yetu nikaona moshi mahali pengi hata sikujua upi ni upi.

Moshi ule ulitanguliwa na maneno. Watu waliitwa madoadoa. Doa halina jina, halina mama, halina mtoto wa gredi ya tatu. Kazi ya doa ni kusafishwa. Mnyama aliyenona, doa kwenye nguo: ni ufundi uleule. Kwanza unamnyang'anya mtu sura, halafu anayeshika kiberiti hahisi kwamba anachoma mtu.

Ndiyo maana nilipoambiwa habari ya magunzi sikuweza kusema, "Ni watoto tu."

Wengine watasema, "Lakini Pasta, sisi tunaipenda Israeli. Tuna bendera madhabahuni, tunapiga shofa, tunaombea amani ya Yerusalemu." Ni kweli. Na leo sizungumzii siasa za Mashariki ya Kati. Mtu anaweza kuwa na maoni yake juu ya serikali yoyote, na damu ya kila mtoto, wa kila upande, ina thamani mbele za Mungu. Ninazungumzia kinywa. Inawezekana kabisa kupeperusha bendera Jumapili na bado kuhubiri Ijumaa Kuu kwamba taifa zima limelaaniwa. Mimi nimefanya hivyo. Bendera ilikuwa mita mbili nyuma yangu.

6. Matawi ya porini

Sasa rudi Warumi 11. Paulo anawaandikia watu wa mataifa walioko Roma. Anawaambia: ninyi ni matawi ya mzeituni mwitu, mmepandikizwa kwenye mti ambao si wenu. Msijisifu juu ya matawi. Si ninyi mnaolibeba shina. Shina linawabeba ninyi. Anasema msijivune, bali muogope. Na chini kidogo anaongeza kwamba hao ni wapendwa kwa ajili ya baba zao, na kwamba Mungu habatilishi karama zake wala wito wake.

Waraka huu ulikuwa umeshaandikwa. Chrysostom alikuwa nao. Alihubiri Warumi sura kwa sura. Mimi pia ninao, umepigiwa mistari ya rangi. Kosa halikuwa kukosa Neno. Kosa lilikuwa kusikia makofi.

Tufanye nini basi? Katika uhasibu, ukikosea huruhusiwi kurarua ukurasa. Anayerarua anaficha. Unaacha kosa lionekane, kisha unaandika mstari mwingine wa kusahihisha, unatia tarehe na sahihi. Wengine wametangulia. Tarehe 28 Oktoba 1965 maaskofu Wakatoliki waliokutana Vatikano walitangaza kwamba mateso ya Bwana hayawezi kubebeshwa Wayahudi wote wa wakati ule wala Wayahudi wa leo. Mwaka 1994 kanisa kubwa la Kilutheri la Marekani liliyakana maandishi yale ya Luther na kuomboleza. Walichelewa sana, lakini waliandika.

Mstari wangu ni huu. Ijumaa Kuu nilisema, "Wayahudi walimuua Bwana wetu." Nilikosea. Bwana alijitoa mwenyewe, kwa ajili ya dhambi zangu na zako. Kwenye orodha ya waliohusika, mataifa wamo, na mimi ni wa mataifa. Naomba msamaha kwa Mungu, na kwenu mlioitikia kwa sababu mliniamini.

Jumamosi iliyofuata nilienda nyumbani kwa yule mama. Kidonda kilikuwa kimeshapona, limebaki kovu dogo kwenye nyusi. Tulikaa nje na yule kijana. Nikamwambia Yesu mwenyewe ni Myahudi, mama yake ni Myahudi, na kwamba mimi ndiye niliyesema vibaya, si yeye aliyefanya vibaya. Alinisikiliza akichora chini kwa kijiti. Kisha akaniuliza, "Na utawaambia wale wengine?"

Nikamwambia ndiyo. Kwa hivyo nawaambia.

Wazazi, leo mkifika nyumbani, waulizeni watoto wenu walikuwa wapi mchezo ule ukichezwa. Msiwachape. Waelezeni, kisha waleteni Jumapili ijayo, tumshike mkono mwenzao mmoja mmoja. Walimu wa sande skuli, katika igizo la Pasaka mwakani, mavazi yaleyale yavaliwe na Yesu, Petro, Mariamu, umati unaolia na umati unaopiga kelele, ili mtoto aone kwamba wote ni watu wa nyumba moja. Nasi wahubiri, kabla ya kutaja kundi lolote madhabahuni, tuulize: mtoto wa kundi hilo akiwa ameketi kiti cha nyuma, atarudi nyumbani na swali gani kwa mama yake?

Tuombe. Baba, sisi ni matawi ya porini na umetupandikiza kwa neema tupu. Utusamehe kwa kulitumia damu ya Mwanao kama fimbo ya kumpigia jirani. Weka mlinzi kwenye vinywa vyetu, hasa vile vyenye maikrofoni. Uwaponye waliojeruhiwa kwa maneno yaliyosemwa katika jina lako. Katika jina la Yesu, Mwana wa Daudi, Mwana wa Ibrahimu. Amina.

Maswali ya vikundi vya nyumbani wiki hii:
1. Soma Luka 23 yote. Orodhesha kila Myahudi anayemhurumia au kumheshimu Yesu. Umepata wangapi?
2. Ni jina gani la kundi la watu unalolitumia kama tusi bila kufikiri? Ulilisikia kwa nani kwanza?
3. Je, kuna neno lililosemwa kanisani kwetu ambalo linahitaji mstari wa kusahihisha? Liletwe kwa wazee, kwa upendo.